Khelef bin Marzouq na Amana ya Bwana Hamasaki

Assalamu alaykum jamaa na majirani, nyinyi mliotoka Sur na Nizwa, na nyinyi wa hapa hapa Ibra mliovuka mfereji wa falaji tu, maneno haya ni yangu mimi Turkiya binti Marzouq, dada yake marehemu, na anayeyasoma ni mjukuu wangu Badriya, kwa kuwa macho yangu hayashiki tena mstari. Nimeambiwa na wanangu nisirefushe, niseme kuzaliwa, kusoma, kazi, ndoa, watoto, maradhi na mauti, nami nitayasema yote, lakini kuna lile sanduku la mti wa kafuri ambalo wengi wenu mnalijua, halikuwa lake, aliwekeshwa, na kwa miaka arubaini na tano hakuwa na khofu kubwa kuliko ya kufa kabla hajalifikisha kwa mwenyewe, kwa hivyo mkisikia nalitaja kila mahali msinione nimepotea njia.

Khelef bin Marzouq alizaliwa Unguja mjini, mtaa wa Malindi, mwezi wa Mfunguo Sita, mwaka 1914, akiwa mtoto wa nne na wa mwisho, mimi nikiwa na miaka mitatu, na watu wa nyumbani walisema kwamba nilipoonyeshwa nilisema, "Mrudisheni, ana kelele," neno ambalo marehemu alinikumbusha kila sikukuu kwa miaka sabini. Baba yetu alizaliwa hapa Ibra akaenda Unguja angali kijana, kwa hivyo tuliporudi huku hatukuja ugenini, ingawa majirani wa mwanzo walituita Wazanzibari, na wengine wanatuita hivyo mpaka leo.

Alitiwa chuoni kusoma Kurani mwaka 1921 akahitimu mwaka 1926, na katika chuo kile hakukuwa na mwenzake kwa kuhifadhi, maana alikuwa haijui hata ya neno moja, lakini sauti haimpotei, mwalimu wetu akisema, "Huyu ukimsomea anachukua mpaka pumzi." Akaingia skuli ya serikali mwaka 1927, akatoka mwaka 1932 na hati nzuri ya mkono na Kiingereza cha kuandikia barua.

Kazi yake ya kwanza aliianza tarehe 1 Machi 1933, akiwa na miaka kumi na tisa, dukani kwa Mjapani aliyeitwa Bwana Hamasaki, karibu na Darajani, aliyeuza vitambaa, vifungo, tochi na sahani za bati, mtu mfupi, mpole, aliyewaacha kwao mke na watoto wawili, mwanamme na mwanamke, na kila mwezi akitazama picha yao akasema Kiswahili chake, "Kubwa sasa, kubwa sana." Bwana Hamasaki alikuwa na mashine ndogo ya senema ya kuzungusha kwa mkono na mikanda mitatu yenye picha moja bubu ya kwao, na kila Alhamisi alasiri alifunga milango ya ghala lake, akatundika shuka nyeupe, na aliyenunua doti moja ya kitambaa akaingia bure.

Picha ile watu wanafungua midomo na hakutoki kitu, na kwao Japani, alieleza, mtu husimama ubavuni mwa shuka akawasemea wote, mwanamme, mwanamke, mtoto na jini, kwa hivyo yeye mwenyewe alisimama akasema Kijapani chake kwa sauti tafauti tafauti, akigonga vijiti viwili vya mbao, ta, ta, tatata, na watu wa Unguja wakamtazama yeye zaidi kuliko picha, mpaka akamwambia Khelef asimame upande wa pili akaeleze kwa Kiswahili. Ilipopita miezi sita Khelef alikuwa amekwisha kuyahifadhi yale ya Kijapani yote, kutoka mwanzo mpaka mwisho, kama alivyohifadhi juzuu, bila ya kujua maana ya neno hata moja, na Bwana Hamasaki alipomsikia alikaa kitako juu ya robota la kaniki akacheka mpaka akafuta macho, na tokea siku ile yeye akazungusha mpini tu, Khelef akasema lugha zote mbili.

Kisa chenyewe wengi mnakijua, lakini wamo wageni. Ni kibwengo wa mtoni, mgongo wake kama wa kobe, mdomo kama wa bata, na utosini ana kisahani cha maji, na nguvu zake zote zimo mle, maji yakimwagika analegea kama kitambaa kibichi. Kibwengo huyo anavaa kofia pana ya kuficha kisahani, anakwenda kwa mjane mmoja anayekaa karibu na mto, anajifanya mgeni, kumbe anamtaka mtoto wake, na bibi anamtambua kwa nyayo za maji alizoziacha mkekani, hapigi kelele, anainama kumwamkia mpaka paji la uso linagusa chini, na kibwengo, ambaye kwao ni jini mwenye adabu, hawezi kuacha maamkizi bila ya kuyarudisha, naye anainama, maji yanamwagika. Wachezaji walikuwa watu wa jukwaani, kwa hivyo picha nzima ni kama umekaa mbele ya jukwaa, mlima na mto vimepakwa rangi juu ya nguo, nyuso zimepakwa weupe kama chokaa, na jambo likifika ukomo wake mchezaji anasimama kama mti na kupindisha macho, hapo ndipo vijiti vinapogongwa. Na yule bibi alikuwa mwanamme, ndio ada ya jukwaa lao, na wanawake wa Ng'ambo ya mji hawakuchoka kuambiana, "Mtazame kikoromeo, shoga, mtazame kikoromeo," halafu bibi akilia nao wakalia.

Katika Kiswahili Khelef alimfanya bibi aseme "Shikamoo," na kibwengo, mzee wa miaka mia tatu, aitikie "Marahaba," na watu wote ghalani walikuwa wakimsaidia bibi kwa kupiga kelele, "Shikamoo! Shikamoo!" mpaka kibwengo ainame.

Alioa tarehe 14 Oktoba 1938, Unguja, akamwoa Rahila binti Khalaf, ambaye ndiye mjane wake aliyekaa humu ndani hivi sasa, nami ndiye niliyekwenda kuposa. Rahila aliuliza suala moja tu, akasema, "Kweli huyo ndiye anayesemea majini kwa Mjapani?" nikasema ndiye, akasema, "Basi asiwalete nyumbani." Walijaaliwa watoto watatu, Wadha aliyezaliwa mwaka 1940, Nadhir mwaka 1944, na Amna aliyezaliwa mwaka 1947 akafariki na miezi minane, Mwenyezi Mungu amfanye ni kitangulizi chao.

Tarehe 2 Agosti 1941 Bwana Hamasaki alifunga duka, kwa sababu vita vilikuwa vinakuja na Wajapani waliambiwa waondoke, akaja nyumbani Malindi na hamali mmoja na sanduku la kafuri, ndani yake mna mashine, mikanda mitatu, vile vijiti viwili na karatasi yenye maandiko ya kwao, akasema, "Khelef, weka, mpaka mimi rudi." Hakukuwa na karatasi iliyotiwa saini wala shahidi isipokuwa mimi niliyekuwa mlangoni, Khelef akaweka mkono juu ya sanduku akasema, "Nimepokea," na Mjapani akamwinamia, na Khelef, alivyozoea, naye akainama. Hakurudi. Rahila alilitazama sanduku akasema, "Nilisema nini mimi?"

Tokea tarehe 5 Januari 1942 mpaka Januari 1964 marehemu alifanya kazi posta Unguja, na katika miaka hiyo yote sanduku halikufunguliwa ila mara moja kila mwaka, kwa kufutwa vumbi na kutiwa karafuu, na wenzake walipomwambia, "Tuonyeshe kibwengo, Khelef," alijibu, "Si changu." Tulipoondoka mwaka 1964 kila mtu alichukua kilichoingia mkononi, na yeye kilichoingia mkononi ni lile sanduku, na Rahila amelisema jambo hili Dubai miaka saba na Ibra miaka kumi na sita, "Sufuria zangu za shaba nimeziacha, jini lake limepanda meli."

Walifika Ibra tarehe 20 Septemba 1971, wakakaa katika nyumba ya babu yetu, na sanduku likawekwa katika ghala la tende kwa kuwa ndiko kwenye baridi. Mwaka 1973 marehemu akaingia posta ya hapa, kazi aliyoifanya mpaka alipopumzishwa tarehe 31 Disemba 1984, na wenziwe waliokuja leo watashuhudia kwamba barua ya mtu haikulala kwake, hata kama mwenyewe yuko Wadi Bani Khalid na gari hakuna.

Mwanzo wa mwaka 1975 alifungua sanduku kulifuta vumbi akasikia harufu ya siki, akaniita, nikanusa, nikasema kweli ni siki, na yeye akasema, "Dada, amana inakufa." Fundi mmoja wa picha hapa sokoni alimwambia kwamba mikanda ikikaa imejikunja katika joto huanza kuoza, inataka kufunguliwa ikapata hewa, basi Alhamisi ya tarehe 13 Machi 1975, baada ya sala ya alasiri, akafunga mlango wa ghala la tende, akaichomeka taa ya mashine katika betri ya Land Rover, akazungusha mpini apate kujua iliyo nzima na iliyokufa. Badriya huyu anayesoma alikuwa na miaka sita, akaingia nyuma yangu, na watoto wa jirani wakaingia nyuma yake, na yule bibi alipotokea mekoni mwake marehemu hakuweza kujizuia, akasimama ubavuni mwa ukuta akaanza, Kijapani, halafu Kiswahili.

Alisema ni siku ile tu. Alhamisi ya pili watoto walikuwa wamekwisha kukaa mlangoni, na wamekuja na mama zao. Mimi nilimwambia, sikumficha, "Khelef, amana haichezewi," akanijibu, "Dada, nguo ikikaa sandukuni inaliwa na nondo, mimi naianika," na Rahila, aliyekuwa akitwanga kahawa upande wa pili wa ukuta, akasema kwa sauti tuisikie sote, "Anaianika au anaipigia ngoma?" Ndivyo ilivyokuwa miaka minane, kila Alhamisi, isipokuwa Ramadhani, na watoto wa Ibra ambao nyumbani kwao hawajui Kiswahili walijifunza neno moja la kwanza, shikamoo, wakawa wakinipita njiani wakaniinamia kwa nguvu, halafu wakanitazama utosini.

Lakini mkanda ulikuwa ukikatika. Kila ulipokatika aliunganisha kwa gundi na kibano, akaandika katika daftari tarehe ya kila kikato, na kufika mwaka 1983 vikato vilikuwa kumi na vinne, na mahali pale bibi anapojitazama kiooni palikwisha kabisa, hapaonekani tena. Hapo ndipo usingizi ulipoanza kumpotea. Aliniambia, "Mtu aliniwekesha kitu kizima, mimi nimekula pembeni kidogo kidogo kama panya," na alikuwa hajui amrudishie nani, kwa sababu barua tatu alizopeleka Japani kwa jina la Bwana Hamasaki zilirudi na muhuri.

Mwanawe Nadhir wakati huo alikuwa akifanya kazi Sur, upande wa Aija, katika mambo ya uvuvi, na hapo alikuja Mjapani mmoja, Bwana Ogata, kuwafundisha wavuvi kutengeneza mashine za mashua. Nadhir alimleta Ibra Alhamisi ya tarehe 3 Novemba 1983, tukampa halua na kahawa, tukamkalisha juu ya mkeka ghalani pamoja na watoto, na marehemu akaanza. Bwana Ogata alikuwa na kikombe mkononi, hakukinywa, hakukitua. Ilipokwisha alizungumza na Nadhir kwa Kiingereza, na Nadhir akatufasiria kwamba, "Anasema mzee anasema Kijapani cha jukwaani cha zamani, sahihi kabisa, tena kwa lafudhi ya visiwa vya kusini, ya Amakusa, bibi yake mzaa mama alikuwa akizungumza hivyo hivyo, ila kuna neno moja kabla ya kibwengo kuingia hajalielewa," na marehemu akalirejea neno lile, na Bwana Ogata akacheka akasema si neno, ni kikohozi, huyo aliyekufundisha alikuwa akikohoa hapo. Watoto walicheka, maana na wao walikuwa wakikohoa pale kwa miaka minane. Marehemu hakucheka, akasema, "Nilivyosikilizishwa ndivyo nilivyohifadhi, mimi nitajuaje lipi lake na lipi la kifua?"

Kwa ile lafudhi na kwa ile karatasi ya sandukuni Bwana Ogata alipata mahali pa kuanzia, na tokea siku hiyo marehemu aliifunga mikanda, akasema haichezwi tena mpaka wenyewe wapatikane. Mwaka 1985 Bwana Ogata alikwenda kwao likizo, akavuka mpaka Amakusa, akauliza katika ofisi ya mji, akaambiwa kwamba Hamasaki aliyekwenda Afrika hakufika nyumbani, alifariki njiani, lakini watoto wake wapo, mwanamme na mwanamke, wazee sasa.

Barua yao ilifika tarehe 9 Septemba 1986, na nimeambiwa nisome yale yaliyohusu tu. Waliandika, "Baba yetu alipoondoka kaka alikuwa na miaka tisa na mimi mitatu. Tunayo picha yake moja, sauti yake hatuna. Bwana Ogata anasema uko wewe unayesema maneno yake kama alivyoyasema. Mikanda mtafanya mtakavyoona, lakini maneno hayo tunayaomba."

Sasa nirudi nyuma kidogo katika maradhi, kwa sababu ndipo yalipokutana. Sauti ya marehemu ilianza kukwaruza Ramadhani ya mwaka 1985, tukasema ni kiu, tukampa asali, ilipofika mwezi wa tano wa mwaka 1986 chakula kilikuwa hakipiti vizuri, akapelekwa hospitali Maskati, wakamkuta na saratani ya koo, na madaktari wakasema lazima koo likatwe na sauti itakwenda nalo, wakampa tarehe 18 Novemba. Kwa hivyo barua ilipofika ilimkuta na wiki kumi za sauti, na sauti yenyewe siku moja ipo na siku mbili haipo. Alisema jambo ambalo sikulisahau, "Nilidhani amana ni sanduku, kumbe nyengine nimeimeza."

Akahamia kwa Wadha, Firq, kwa ajili ya matibabu ya Nizwa, na huko ndiko maneno yalikotiwa katika kaseti, Jumatano ya tarehe 12 Novemba 1986, baada ya siku nne za kujaribu na kushindwa. Nyumba ya Wadha imezungukwa na magereji, na mumewe Harub alikwenda akawaomba mafundi wote wanyamaze kwa saa moja, wakazima mashine zao wakaja kukaa mlangoni na mafuta mikononi. Kwanza marehemu alisema kwa Kiswahili, Nadhir akafasiri, "Mimi Khelef bin Marzouq niliwekeshwa amana na baba yenu, nikaichezesha miaka minane bila ya ruhusa, ikakatika mahali kumi na nne, nataka radhi ya warithi wote, si mmoja." Nadhir akamwambia, "Baba, dada mtu ndiye aliyeandika, si anatosha?" akamkaripia kwa ile sauti ya mchanga, "Wana baba mmoja, kila mmoja ana fungu lake, mmoja akinisamehe na mwengine hakunisamehe mimi bado nina ya watu shingoni."

Halafu akaanza Kijapani. Sehemu ya msimulizi aliiweza, ya kibwengo aliiweza, tena kibwengo alikuwa mzuri kuliko siku zote kwa ule mkwaruzo, mafundi mlangoni walisogea nyuma. Ilipofika zamu ya bibi, ile sauti ya juu ya mwanamme anayemwiga mwanamke, koo likafunga, hakikutoka kitu. Wadha akarudisha kaseti nyuma. Mara ya pili likafunga tena, na mara ya tatu alitoka damu kidogo, akaishika leso mdomoni akakaa, akitazama ile kaseti. Mimi nilijaribu, wallahi nilijaribu, nikatoa maneno mawili nikakwama, na Badriya huyu alijua Kiswahili chake chote na cha Kijapani hakujua ila kukohoa.

Rahila alitoka jikoni na unga mikononi. Huyu ni mtu ambaye hakukaa kutazama picha ile hata Alhamisi moja, Unguja wala Ibra, tena aliiita "majini yenu". Akasema, "Msinitazame, geukeni ukutani, washa hicho chombo," nasi tukageuka, watu wazima wote na mafundi, na yeye akamsemea yule bibi kutoka maamkizi mpaka kilio, Kijapani kitupu, bila ya kusita pahala, na marehemu akamwingilia kwa kibwengo kila zamu ilipofika, wakajibizana mpaka mwisho. Ilipokwisha Wadha akasema, "Mama, umejifunza lini?" naye akajibu, "Miaka minane natwanga kahawa nyuma ya ukuta, nizibe masikio kwa nini?" akarudi kwenye unga wake. Fundi mmoja alipiga makofi, wenziwe wakamnyamazisha.

Kaseti ilipelekwa posta ya Nizwa siku ya pili yake, na marehemu, karani wa posta, hakumwachia mtu, alikwenda mwenyewe, akaifunga mwenyewe, akaandika anwani mwenyewe kwa hati yake ile. Koo lilikatwa tarehe 18, na tokea hapo alizungumza nasi kwa kibao cha skuli na chaki. Alirudi Ibra tarehe 20 Disemba, na kila siku aliandika neno lile lile, "Posta?" nasi tukatikisa kichwa.

Bwana Ogata alikuja kutoka Sur Ijumaa ya tarehe 23 Januari 1987, jibu likiwa limefikia kwake, akakaa kitandani kwa marehemu akasoma, Nadhir akifasiri. Waliandika kwamba waliisikiliza pamoja, nyumbani kwa kaka, kwamba kaka alikaa wima mpaka mwisho kisha akaomba irudishwe mwanzo, na kwamba neno radhi wamelieleza kwa shida lakini kama ni kuondoa uzito wa moyo basi wanauondoa wote, na sanduku likae kwa watu wanaojua kulifungua. Waliuliza pia, "Na yule bibi ni nani? Analia kama mtu wa kwetu." Rahila akasema, "Waambie ni mke wake, aliyeacha sufuria zake za shaba." Bwana Ogata aliandika.

Marehemu alichukua kibao akaandika, "Wote wawili?" Bwana Ogata akamwonyesha karatasi, saini mbili, moja chini ya nyengine. Akazitazama, akafuta kibao, akakirudisha chini ya mto, na katika siku kumi na nane alizobakisha hakuuliza tena habari ya posta.

Khelef bin Marzouq alifariki hapa Ibra, nyumbani kwake, Jumanne ya tarehe 10 Februari 1987, kabla ya adhuhuri, akiwa na umri wa miaka sabini na tatu, akazikwa siku ile ile baada ya alasiri, na ameacha mjane, watoto wawili, wajukuu tisa na mimi. Mtu yeyote anayejua kwamba ana haki yake kwa marehemu amwone Nadhir leo, asione haya. Ama sanduku, watoto wamekwisha kumwuliza Rahila Alhamisi zitaanza lini, matanga hayajakwisha, na hakuwafukuza, aliwaambia, "Nikitoka eda."

Tunawashukuru madaktari na wauguzi wa Nizwa na Maskati kwa mikono yao, wenziwe wa posta waliombeba, mafundi wa Firq walionyamaza saa moja na siku hii wamefunga kazi zao wakaja, majirani waliopika siku tatu bila ya kutuuliza, na Bwana Ogata, ambaye amekaa kule mwisho na viatu mkononi, aliyewatafuta watu asiowajua kwa ajili ya mtu asiyemjua. Mwenyezi Mungu awalipe nyote.

Pumzika, Khelef mdogo wangu, pumzika kwa amani, huna cha mtu mkononi.